Askofu ni mwangalizi

Neno askofu tumelipokea kutoka Kiarabu, usquf, nalo chimbuko lake ni Kigiriki, episkopos: mwenye kuangalia, msimamizi. Ndiyo maana Biblia ya Union Version inalifasiri neno hilohilo la Kigiriki kwa namna mbili: “askofu” katika Timotheo wa Kwanza, “waangalizi” katika Matendo ya Mitume 20:28.

Mwanzoni askofu aliangalia waumini wake tu. Karne ya 4 mzigo ukaongezeka. Kaisari Konstantino aliruhusu wenye kesi wazipeleke kwa maaskofu, na hukumu zao zikawa na nguvu ya sheria. Augustino, askofu wa Hippo, mji ambao leo ni Annaba nchini Algeria, alisikiliza ugomvi wa mashamba, mifugo na fedha hadi saa ya chakula. Siku nyingine alishinda na njaa. Basili wa Kaisaria alijenga nje ya mji wake makao ya maskini na wagonjwa, wenye ukoma wakiwamo. Ambrose wa Milan aliyeyusha vyombo vya kanisa ili akomboe mateka.

Cheo kilikua, lakini mzizi wa neno haukufa. Kwa Kiswahili, kuangalia si kutupa jicho tu. Tunamwangalia mgonjwa, tunawaangalia watoto, yaani tunawatunza. Tukilitamka neno askofu, tuikumbuke kazi hiyo kabla ya kofia na fimbo. Aliyeitwa hivyo ameitwa kuangalia watu.