Kindu Katika Mpaka wa Jeshi

Mipaka ya jimbo la Kanisa tunaijua, hata ya provinsi na teritwari. Mipaka ya jeshi hatuiangalii sana, na kumbe ndiyo iliyotutesa zaidi hapa Kindu.

Mfalme Leopold II aliipanga Force Publique kwa amri ya mwaka 1888. Mwanzoni kila kampani ilikaa katika wilaya yake, chini ya komisere wa wilaya. Kisha askari wa Kitetela, walioudhika kwa kuuawa mkubwa wao Ngongo Lutete mwaka 1893, waliasi kule Luluabourg mwaka 1895. Wazungu wakashika fundisho moja: wasiwaache askari wa kabila moja pamoja, tena wasiwaweke kwao. Ndiyo sababu Mkusu wa Maniema alipelekwa mbali, na Kindu ikalindwa na wageni.

Mbele ya uhuru jeshi liligawanywa katika makundi makubwa matatu. La kwanza, makao yake Elisabethville, lilishika Katanga na Kasai. La pili, Léopoldville, na provinsi za upande wa magharibi. La tatu, Stanleyville, lilishika provinsi ya Mashariki pamoja na Kivu. Maniema wakati ule ilikuwa wilaya ya Kivu, basi sisi tulikuwa watu wa kundi la tatu. Juu ya karata ni kazi nzuri. Lakini gari la moshi latoka Kindu kwenda Kongolo, na Kongolo ni Katanga. Reli ni moja, majemadari wawili.

Askari walipoasi mwezi wa Julai 1960, siku chache baada ya uhuru, kila mji mkubwa ulibaki na bunduki zake. Katanga ikajitenga na kuunda jeshi lake. Mobutu akashika Léopoldville. Stanleyville ikawa ya Gizenga, na Jenerali Lundula akaenda huko. Makundi matatu yakawa majeshi matatu yenye kuchukiana. Hatusemi kwamba karata ndiyo iliyozaa ugomvi. Ugomvi ulikuwa wa wakubwa wa siasa. Lakini kila mmoja alikuta makao, silaha na maofisa tayari mahali pake.

Basi Kindu ikawa mlango wa vita vya Katanga. Tarehe 11 Novemba 1961 ndege mbili za Umoja wa Mataifa ziliwaletea askari wa Malaya chakula. Wataliani 13 waliokuwamo wakadhaniwa ni watu wa Tshombe, wakakamatwa na kuuawa na askari waliotoka upande wa Stanleyville. Askari wa upande huohuo walifika Kongolo, na tarehe 1 Januari 1962 wakawaua wamisionari 20 wa shirika la Roho Mtakatifu. Waseminari wadogo wa huko walikuwa karibu. Tuwakumbuke wote katika misa.

Mwaka 1964 mambo yalirudi kwa njia ileile, upande huu na upande ule. Wasimba waliingia Kindu mwezi wa Julai. Tarehe 5 Novemba safu ya Kanali Vandewalle, iliyotoka Kongolo, ikaitwaa.

Maniema ikawa mkoa peke yake mwaka 1988. Baada ya vita vya 1998 hadi 2003, jeshi jipya lilipewa mikoa 10, na Maniema ikawa mkoa wa 7. Kwa miaka michache tulikuwa na jenerali wetu! Mwaka 2014 nchi ikagawanywa tena katika kanda tatu za ulinzi (ni hesabu ileile ya Wabelgiji), na Maniema ikaunganishwa na Kivu ya Kusini katika mkoa wa 33, makao yake Bukavu.

Mwezi wa Februari 2025 M23 iliingia Bukavu. Watu wa Kindu wakaulizana tena swali la mwaka 1961: nani anawaamuru askari walio kwetu, na njia ipi wataijia?