Jina John na Uhakiki wa Majazi: Mfano wa Ukambani

Wahakiki wa fasihi ya Kiswahili wamezoea kuyachunguza majina ya wahusika kama majazi. Mhusika mkuu wa Siku Njema (1996) ya Ken Walibora anaitwa Kongowea Mswahili, na ni nadra kumpata mwanafunzi wa shahada asiyeweza kuandika kurasa mbili kuhusu jina hilo. Akikutana na mhusika anayeitwa John, mwanafunzi huyo huyo humpita kimya, au huandika tu kwamba jina hilo ni dalili ya kasumba ya kikoloni. Makala hii inadai kwamba ukimya huo ni kasoro ya uhakiki.

Kwa chimbuko lake John si jina la Kiingereza. Ni Yohanan la Kiebrania, lenye maana kwamba Mungu ana neema. Lilipitia Kiyunani na Kilatini, likawafikia Waingereza kama lilivyotufikia sisi, yaani pamoja na dini iliyotoka ng'ambo. Pwani yetu ilikwisha kuwa na ndugu yake, Yahya, kwa njia ya Uislamu. Hata Krapf, Mjerumani aliyefika Ukambani mwaka 1849 na kuchapisha Injili ya Marko kwa Kikamba mwaka 1850, jina lake la kwanza lilikuwa Johann.

Hata hivyo, etimolojia haitoshi. Uzito wa jina umo katika kisa kilicholizaa, nacho kimo katika sura ya kwanza ya Injili ya Luka. Jamaa wanataka mtoto aitwe Zakaria kama babaye. Mama anakataa. Wanamkumbusha kwamba hakuna mtu wa ukoo wake mwenye jina hilo analolitaka. Baba, aliyekuwa bubu, anaomba kibao na kuandika: Yohana. Kwa Mkamba, ambaye kwa desturi mwanawe wa kwanza hurithi jina la babu mzaa baba, tukio hili ni mgogoro hasa. Jina linaukata uzi wa ukoo, tena kwa maandishi.

Huko Kola, katika barabara ya Machakos kwenda Wote, nilisoma darasa lenye akina John watatu. Wazazi wao walimsikia Yohana katika Biblia ya Kiswahili ya mwaka 1952, lakini shuleni waliandikisha John. Neema walimwachia mhubiri, wao wakachukua sauti ya ofisini. Mwalimu alipotaka kumwita mmoja wao, jina hilo halikumfaa kitu. Aliita Mutuku, aliyezaliwa usiku. Kioko, wa asubuhi. Kyalo, wa safarini. John lilibaki katika daftari la mahudhurio. Uzi haukukatika, ila ulisogezwa nyuma ya jina la daftari, na nadhani wazee walijua walichokuwa wakifanya.

Wapo waliochagua njia nyingine. Kenyatta, aliyebatizwa Johnstone mwaka 1914 (inasimuliwa kuwa alitaka John na Petro, yaani jiwe, akayaunganisha), alijitambulisha kama Jomo katika Facing Mount Kenya mwaka 1938. James Ngugi naye akawa Ngũgĩ wa Thiong'o. Uhakiki wetu umewatukuza hawa waliotupa, na kuwasahau waliobakiza.

Mfano ulio bora wa waliobakiza ni John Samuel Mbiti, aliyezaliwa Mulango, Kitui, mwaka 1931, mwandishi wa Mutunga na Ngewa Yake (1954). Mbiti kwa Kikamba ni fisi. Jina la namna hiyo hupewa mtoto aliyetanguliwa na vifo vya ndugu zake, ili kifo kimdharau. Neema na fisi, basi, vikakaa jaladani pamoja kwa zaidi ya nusu karne, na mwenyewe hakuona haja ya kuvitenganisha. Mwaka 2014, miaka 5 kabla ya kufariki, alichapisha tafsiri yake ya Agano Jipya kwa Kikamba, aliyoifanya moja kwa moja kutoka Kiyunani. Humo ilimbidi aandike upya, kwa lugha ya mama yake, ugomvi wa jamaa juu ya jina la mtoto, na yule mzee bubu aliyeomba kibao.