Siân Phillips: Sauti Iliyotangulia Jukwaa

Wengi wanaomkumbuka Siân Phillips humkumbuka kama muuaji. Mwaka 1976 BBC ilirusha tamthilia ya I, Claudius, iliyotokana na riwaya za Robert Graves, na humo yeye alikuwa Livia, mke wa Kaisari Augusto, mama anayewaondoa ndugu na wajukuu mmoja baada ya mwingine ili mwanawe Tiberio apate kiti. Hatimaye zamu ikamfikia mumewe mwenyewe, kwa tini zilizopakwa sumu zikiwa bado mtini.

Tazama jinsi kifo hicho kilivyopigwa picha. Kamera inatulia usoni mwa Brian Blessed, aliyeigiza Augusto, na haibanduki. Livia haonekani, tunamsikia tu, akizungumza kwa upole na mtu anayekata roho kwa mkono wake. Tamthilia nzima ilirekodiwa studioni, bila majeshi wala viwanja vya vita, kwa hiyo hofu yote ilibebwa na maneno. Hapo ndipo panapoeleza kazi ya mwigizaji huyu kuliko orodha ya filamu zake. Phillips alikuwa sauti kwanza, na sauti hiyo ililelewa katika Kiwelisi.

Alizaliwa tarehe 14 Mei 1933 Gwaun-Cae-Gurwen, kijiji cha makaa ya mawe kusini mwa Welisi. Nyumbani kulizungumzwa Kiwelisi, na Kiingereza alikiokota kwa kusikiliza redio. Akiwa na miaka 11 alishinda katika Eisteddfod ya Taifa, tamasha ambalo kila mwaka huwakutanisha washairi, waimba kwaya na waghani. Si tamasha la kupigiwa makofi ya huruma. Mtoto husimama mbele ya umati, akaghani, kisha majaji wakaeleza hadharani alipopatia na alipokosea: pumzi, matamshi, maana ya kila mstari. Umri huohuo alianza kuigiza katika redio ya BBC huko Welisi, na baadaye akawa mtangazaji na msomaji wa habari. Kwa hiyo alipoingia chuo cha maigizo cha RADA, London, mwaka 1955, akiwa tayari na shahada aliyoipata Cardiff, hakuwa mwanafunzi wa kufundishwa kusema. Aliondoka na medali ya dhahabu ya Bancroft kwa kuigiza Hedda Gabler, na alikuwa amekwisha kukataa mikataba mitatu ya filamu ambayo ingempeleka Marekani. Alitaka jukwaa.

Kwa nini London, si kwao? Kwa sababu mwigizaji wa Kiwelisi wakati huo hakuwa na riziki ya kutosha katika lugha yake. Sensa ya 1931 ilihesabu wasemaji wa Kiwelisi kuwa asilimia 37 hivi ya watu, na idadi ilikuwa ikishuka. Mwaka 1962 mwandishi Saunders Lewis alionya redioni kwamba lugha ingekufa mwanzoni mwa karne ya 21 mambo yakiachwa yaende vile. Phillips alikuwa amekwisha kuhama.

Miaka yake ya ndoa na mwigizaji Peter O'Toole, 1959 hadi 1979, imeandikwa kupita kiasi, naye mwenyewe ameisimulia katika kumbukumbu zake. Itoshe kusema kwamba ndani yake kuna filamu za Becket (1964) na Goodbye, Mr. Chips (1969), ambamo alivunja watu mbavu katika nafasi ndogo.

Karibu na wakati wa Livia, alionekana pia katika tamthilia ya How Green Was My Valley kama Beth Morgan, mama wa familia ya wachimba makaa, na tuzo ya BAFTA ya mwaka 1977 alipewa kwa kazi zote mbili. Linanikera kidogo hili: binti wa bonde la makaa anapata sifa kwa kuigiza mama wa bonde la makaa, na kijiji kizima kinasema Kiingereza. Kituo cha televisheni cha Kiwelisi, S4C, kilifunguliwa baadaye tu, Novemba 1982, baada ya mwanasiasa Gwynfor Evans kutishia kufunga kula hadi kufa serikali ilipotaka kurudi nyuma katika ahadi yake ya kukianzisha. Waliokuja baadaye walipata njia nyingine. Filamu ya Solomon a Gaenor (1999), yenye Nia Roberts, ilipigwa mara mbili, Kiwelisi na Kiingereza, na tamthilia ya Un Bore Mercher (2017) hivyohivyo. Eve Myles, nyota wake, ilibidi ajifunze Kiwelisi kwa ajili ya kazi hiyo.

Phillips mwenyewe hakupunguza mwendo. Mwaka 1980 aligeukia tamthilia za muziki kwa Pal Joey, na mwaka 1999 akateuliwa kuwania tuzo ya Tony kwa kuigiza Marlene Dietrich huko Broadway. Mwaka 2010, akiwa na miaka 76, aliigiza Juliet katika ukumbi wa Bristol Old Vic, katika toleo lililowafanya wapenzi wale kuwa wazee. Alipewa cheo cha Dame mwaka 2016. Mwaka 2021 alipanda jukwaa la National Theatre katika Under Milk Wood ya Dylan Thomas, safari hii ikiwa imewekwa katika nyumba ya wazee. Katika filamu ya 1972 ya kazi hiyohiyo alikuwa Bi Ogmore-Pritchard, mjane asiyevumilia vumbi. Sasa alikuwa na miaka 88, na kazi yenyewe Thomas aliiandika kwa ajili ya redio.