Meza ya Ukutani

Mamangu alifanya kazi ya nyumba kwa watu miaka 14. Ndiyo maana kwetu, kipindi chochote cha vichekesho kikileta mboch kwenye runinga, yule wa kuunguza chakula na kutega masikio mlangoni, sisi watoto tulicheka na yeye akanyamaza. Siku moja tu ndiyo alisema kitu. "Huyu msichana anaigiza vizuri. Lakini mbona hatumwoni kwao hata siku moja?"

Swali hilo hunirudia kila nikimfikiria Hattie McDaniel.

Wengi wetu tulianza kufuatilia Oscar kwa sababu ya Lupita. Asubuhi ya Machi 3, 2014, saa zetu, Lupita Nyong'o alichukua tuzo ya mwigizaji msaidizi bora wa kike, na kila mtu Kenya akawa shangazi yake. Lakini mweusi wa kwanza kupata Oscar yoyote ile aliichukua miaka 74 kabla, katika kundi hilo hilo la waigizaji wasaidizi. Lupita aliigiza mtumwa. Hattie pia.

Hattie alizaliwa Wichita, Kansas, mwaka wa 1893. Alikuwa kitinda mimba kwa wazazi waliowahi kuwa watumwa. Babake alipigana upande wa Kaskazini katika vita vya wenyewe kwa wenyewe vya Marekani. Alikulia Denver, akaimba jukwaani na redioni, na uchumi ulipoporomoka mwaka wa 1929 akajikuta Milwaukee akihudumia wateja msalani katika klabu moja. Humo humo ndimo alipopata nafasi ya kuimba. Mwaka wa 1931 akahamia Los Angeles. Sinema zilipokosekana, alifua na kupika majumbani mwa watu. Sinema zilipopatikana, akaitwa kufanya nini? Kufua na kupika, mbele ya kamera.

Wanaoandika historia yake wanakadiria kwamba alionekana katika filamu zaidi ya 300, lakini jina lake liliandikwa katika 80 hivi tu. Kwingine alipita akiwa na sinia mkononi, basi.

Lakini hebu mtazame vizuri. Kuna filamu ya 1935, *Alice Adams*, yeye akiwa Malena, mjakazi wa kukodiwa jioni moja tu. Familia isiyo na pesa inataka kujifanya ya kitajiri mbele ya kijana anayemchumbia binti yao. Joto ni kali, chakula ni kizito, na Malena anahudumu polepole, kofia ikimteleza kichwani, uso ukisema kwamba hii shoo yote ni uongo na yeye anajua. Hamtukani mtu. Anawaumbua tu kwa kutembea. Nilimwonyesha mama kipande hicho kwenye simu, akacheka mpaka akashika kiti. "Huyo anaijua hii kazi," akasema. "Hiyo kofia ameiacha makusudi."

Kisha ikaja *Gone with the Wind*, mwaka wa 1939. Hattie ni Mammy, mtumwa wa familia ya Scarlett O'Hara. Filamu ilipozinduliwa Atlanta mwezi wa Desemba, waigizaji weusi hawakuwepo, kwa kuwa sheria za ubaguzi za Georgia hazikuwaruhusu kuketi na wenzao. Februari 29, 1940, tuzo zikatolewa katika ukumbi wa Cocoanut Grove, Hoteli ya Ambassador, Los Angeles, hoteli isiyokaribisha weusi. Ilibidi mtayarishaji David O. Selznick aombe kibali maalum ndipo Hattie aingie. Wenzake wa filamu waliketi pamoja. Yeye akawekwa kwenye kimeza cha pembeni, karibu na ukuta. Jina lake likatajwa. Alimshinda Olivia de Havilland, wa filamu ile ile. Akatembea kutoka ukutani hadi mbele, akapokea, akalia, akarudi ukutani.

Baada ya hapo, ungedhani milango ingefunguka. Wapi! Alizidi kupewa aproni. Na sasa lawama zikatoka kwa weusi wenzake pia. Walter White, kiongozi wa chama cha haki NAACP, alikuwa akizishinikiza studio ziache kuwaonyesha weusi kama wajakazi na vichekesho tu. Jibu linalohusishwa na Hattie ni kwamba ni heri kulipwa dola 700 kwa wiki kwa kuigiza mjakazi kuliko kulipwa dola 7 kwa kuwa mjakazi.

Nilipokuwa na miaka 19 ningekuwa upande wa White bila kufikiria mara mbili. White hakukosea, maana picha zile ziliumiza watu. Lakini mimi nimelishwa na mshahara wa aproni, na siwezi kumwambia mwanamke aliyewahi kufua kwa watu kwamba dola 700 ni aibu.

Mwaka wa 1947 aliongoza kipindi cha redio, *Beulah*, mwanamke mweusi wa kwanza kuwa nyota wa kipindi cha redio ya kitaifa kule. Beulah naye alikuwa mjakazi. Kipindi kilipohamia runinga, Hattie alirekodi vipindi vichache tu kabla saratani ya matiti haijamlaza. Akafariki Oktoba 26, 1952. Alitaka kuzikwa katika makaburi ya Hollywood, lakini yalikuwa ya wazungu pekee, wakamkataa. Tuzo yake aliiachia Chuo Kikuu cha Howard, nayo ikapotea huko. Mwaka wa 2023 ndipo waandalizi wa Oscar walikipa chuo hicho nyingine badala yake.

Mammy kwenye ile filamu hana jina lingine, hana mtoto, hana kwao. Hattie alikuwa nako. Alinunua nyumba kubwa katika mtaa uliojulikana kama Sugar Hill, Los Angeles. Majirani wazungu walipokwenda kortini kutaka weusi wafurushwe, yeye na wenzake, akiwemo mwigizaji Louise Beavers, walisimama wakatetea makao yao. Mwaka wa 1945 jaji akaitupa kesi hiyo.

Nilimweleza mama hayo. Hakuuliza chochote kuhusu Oscar. Aliuliza nyumba ilikuwa na vyumba vingapi.