Kutoka Banda la Video hadi Kiganjani



Vijana wa leo wakiambiwa kwamba zamani video ililipiwa mlangoni, hucheka. Lakini sisi tuliokua miaka ya 1990 katika miji midogo ya Kenya tunayakumbuka mabanda yale: mabati, mabenchi, televisheni moja na mkanda uliochakaa. Picha zilitoka Hong Kong, India na Marekani. Ngumi tulizielewa, maneno hapana.

Hapo ndipo walipotokea wasimulizi. Tanzania alikuwako Derek Gaspar Mukandala, maarufu kama Lufufu, akisimulia kwa Kiswahili. Uganda waliitwa ma-VJ, wakatumia Kiganda. Kwetu Kenya akavuma DJ Afro, ambaye jina lake ni James Muigai. Yeye hatafsiri neno kwa neno, bali hutia mzaha na lugha ya mtaani mpaka stelingi wa Kihindi anakuwa kama jirani yako.

Tusiyasifu mabanda kupita kiasi. Wazazi walilalamika, na wako waliotoroka madrasa kwenda huko. Lakini angalau tulitazama kitu kimoja, tukatoka tukibishana pamoja njia nzima.

Kisha YouTube ikaanza mwaka 2005, na mwaka 2009 nyaya za baharini za TEAMS na SEACOM zikafika Mombasa. Intaneti ikaja na simu. Leo kijana wa Litein akingoja majani yake yapimwe kwenye kituo cha chai, dunia nzima iko kiganjani. Jioni familia inafuturu mkeka mmoja, lakini kila mtu ana picha yake. Banda limeingia mfukoni, na mlangoni hakuna mtu.

Je, tuzitupe simu? La hasha. Tuwatazame wenzetu wa mashariki. Malaysia, Ramadhan ya mwaka 2007, ilitoa katuni ya Upin na Ipin, mapacha wanaojifunza kufunga, ikapendwa hadi Indonesia. Waindonesia nao wakatoa Nussa kwenye YouTube mwezi Novemba 2018: kijana mwenye mguu bandia na dadake mdogo Rara, wakifundishana adabu za Kiislamu nyumbani. Mwaka 2021 ikawa filamu ya sinema. Hawakungoja hadithi ya wengine waje kuisimulia. Walianza na ya kwao.

Lufufu na DJ Afro walituthibitishia kwamba ulimi wetu unatosha. Kilichobaki ni hadithi nayo iwe yetu. Basi Ramadhan hii, kijana mwenye simu, kaa na nyanya yako baada ya futari. Mrekodi akieleza walivyofunga alipokuwa msichana, nani aliwaletea habari za mwezi, walifuturu kwa nini. Aeleze kwa Kiswahili au kwa Kipsigis, lugha anayoiota. Wazee wanatuondoka, na hakuna wa kuturudishia simulizi zao.

Ramadhan Karim.