Sinema ya Walowezi, Sinema ya Wenyeji

Sheria ya kwanza ya kudhibiti sinema na michezo ya jukwaani hapa kwetu Kenya ilitungwa 1912. Wakati huo reli haikuwa imefika Kitale, huko Trans Nzoia. Ilifika 1926, na mji ukakua kwa mahindi ya walowezi. Bungoma ilikuwa ng'ambo, katika ardhi iliyoitwa hifadhi ya wenyeji. Mzungu wa Trans Nzoia na Mbukusu wa Bungoma aliyempalilia shamba hawakuhesabiwa kuwa watazamaji wa aina moja: wakaguzi wa koloni waliweza kumruhusu wa kwanza kuona filamu na kumkataza wa pili. Kilichoogopwa zaidi ni picha za Hollywood zenye Mzungu mwizi, mlevi, au anayechapwa.

Hollywood yenyewe ilijifunga. Wakubwa wa studio walikubaliana masharti 1930, na kuanzia 1934 mkaguzi wao, Joseph Breen, akawa anasoma miswada kabla kamera haijawashwa. Mume na mke wakalazwa vitanda viwili. Jambazi hakuachwa amalize filamu bila adhabu.

Huku kwenye makoloni woga ulizaa sinema ya kobe. Kitengo cha Filamu za Makoloni kiliundwa London 1939, na bwana wake, William Sellers, aliamini kuwa Mwafrika hawezi kufuata picha zinazorukaruka. Basi kamera itulie, tukio lirefushwe, hila ziachwe. Watu wa kitengo walipenda kusimulia kisa cha wanakijiji walioonyeshwa mbu aliyejaza kitambaa kizima cha kuonyeshea, wakasema kwao hakuna mbu mkubwa hivyo. Mimi nasikia utani hapo. Wao walisikia ujinga, na kwa imani hiyo wakatengeneza filamu za afya na kilimo, zikazungushwa vijijini kwa magari ya sinema. Kitengo kilifungwa 1955.

Sheria tuliyo nayo ilianza kutumika Oktoba 1963, miezi miwili tu kabla ya bendera ya uhuru kupandishwa. Anayetaka kurekodi filamu aombe leseni, tena apeleke maelezo ya matukio yote na maneno yote yatakayosemwa. Ni kazi ya Breen, ila afisa ni wa serikali. Masharti ya Hollywood yalizikwa 1968. Haya yetu yaliwakuta hata waliozaliwa baadaye. Filamu *Rafiki* ya Wanuri Kahiu ilipigwa marufuku 2018, kisha Mahakama Kuu ikaifungulia siku saba.

Kwenye vibanda vya video vya Kitale na Bungoma, msimulizi wa filamu DJ Afro humtia komando wa Marekani Kiswahili cha mtaani ambacho mwandishi wa Hollywood hakukiota. Mbu wa Sellers angepewa jina, ukoo na deni la dukani.