Saa ya Rufaa: Dhamana Baada ya Hukumu, Thika na Ruiru

Mshtakiwa na mfungwa wote huomba dhamana, lakini nchini Kenya hawabishi mlango mmoja. Mshtakiwa ana Ibara ya 49(1)(h) ya Katiba ya 2010: aachiliwe kwa masharti ya haki ila pakiwepo sababu nzito za kumzuia. Hata anayekabiliwa na shtaka la mauaji au wizi wa mabavu, ambaye katiba ya zamani ilimfungia mlango, leo anafunguliwa. Aliyekwisha kutiwa hatiani hana tena ngao ya kudhaniwa hana hatia, na ni juu yake kueleza kwa nini asilale gerezani.

Kifungu cha 357 cha Sheria ya Utaratibu wa Kesi za Jinai kinaruhusu dhamana wakati rufaa inasubiri, lakini hakisemi ni nani anayestahili. Vigezo vilitokana na Mahakama ya Rufani, katika uamuzi wa Jivraj Shah na ule wa Dominic Karanja, yote ya 1986. Cha kwanza ni nguvu ya rufaa: je, ina hoja nzito ya kisheria inayoelekea kuishindisha? Cha pili ni saa: je, sehemu kubwa ya kifungo itakuwa imeisha kabla rufaa haijasikizwa? Uamuzi wa Karanja ulikaza kamba zaidi: sifa njema, dhiki ya familia na ugonjwa unaoweza kutibiwa gerezani, peke yake, si mazingira ya kipekee yanayotosha kumpa mfungwa dhamana.

Dai langu ni kwamba mahakama zimeegemea mno kigezo cha nguvu, ambacho mara nyingi hakipimiki, na kukisahau cha saa.

Tuchukue ombi linalotoka kwa hakimu wa Ruiru kwenda Mahakama Kuu ya Thika. Jaladani mna hati ya rufaa, nakala ya hukumu na hati kiapo: mke hana kazi, karo haijalipwa, presha imepanda. Hayo yote Karanja imekwisha kuyajibu. Ushahidi wa mashahidi, ambao ndio ungeonyesha hakimu alikosea wapi, haujachapwa. Jaji naye anajizuia asije akaiamua rufaa kabla ya kuisikiza. Basi mrufani anatakiwa athibitishe nguvu ya rufaa kwa maandishi yasiyokuwepo, mbele ya jaji asiyetaka kuyachambua kwa kina. Hupona yule tu ambaye kosa linaonekana waziwazi kwenye hukumu, mfano adhabu iliyovuka kiwango cha sheria.

Kutoka Ruiru hadi Thika ni kilomita zipatazo 20; jalada likipanda matatu asubuhi, linafika kabla ya chai ya saa nne. Kwa hiyo tatizo si umbali. Rufaa hukwama kwenye uchapaji na uidhinishaji wa mwenendo wa kesi, kazi ya mahakama yenyewe, wala si ya mfungwa.

Aliyefungwa miaka 3 kwa kujeruhi, akipata msamaha wa theluthi, hutoka baada ya miaka 2. Rufaa ikichelewa kiasi hicho, haki ya kukata rufaa iliyo katika Ibara ya 50(2)(q) imebaki karatasini. Kwake, saa peke yake ingetosha kufungua mlango.

Makosa mazito zaidi yana ugumu wake. Sheria ya Makosa ya Kingono ya 2006 inaweka kifungo kisichopungua miaka 20 kwa unajisi wa mtoto wa miaka 12 hadi 15, na Julai 2024 Mahakama ya Juu ilirejesha kifungo hicho katika kesi ya aina hiyo. Hapa upande wa mashtaka una hoja ya haki: kifungo kirefu humshawishi mtu atoroke, na mtoto aliyetoa ushahidi anaishi mtaa uleule. Sidai mfungwa huyo aachiliwe. Lakini jaji anapokataa kwa kusema rufaa itasikizwa mapema, ametoa ahadi, na ahadi isiyo na tarehe haimfungi mtu.

Amri ya kunyima dhamana basi iandikwe pamoja na siku ya mwisho ya kukabidhi mwenendo uliochapwa, na siku ya kusikiza rufaa. Siku hizo zikipita bila kosa la mrufani, arudi mbele ya jaji, na ucheleweshaji huo uhesabiwe kuwa mazingira ya kipekee.